Mwendo wa Boke

Kuna swali moja ambalo sitapata jibu lake, na kosa ni langu. Boke alikuwa akiburuta mguu upi, wa kulia au wa kushoto? Mimi mwenyewe Boke sikumjua. Alifariki kabla sijazaliwa, na nilipopata akili hapakuwa na mtu mtaani kwetu Tarime aliyekuwa akimtaja. Lakini mwanawe, Lukmani Tamimu mpiga picha, alikuja dukani kwangu kunionyesha, nami nikamfukuza. Nitaeleza ilivyokuwa, na anayetaka kunilaumu anilaumu, nimeshazoea.

Sisi tulikuwa majirani wa ukuta mmoja. Baba yangu, Maftah, alikuwa fundi cherehani. Baba yake, mzee Tamimu, aliuza vitambaa, naye alitoka pwani miaka mingi nyuma. Alikuwa akipeleka mzigo wake kwenye gulio la Nyangoto, na huko ndiko alikomwona Boke, binti wa Kikurya, akamwoa. Boke akasilimu, akaja kukaa mjini. Alimzaa Lukmani. Miaka mitatu baadaye akafa kwa uzazi, yeye na mtoto wa pili siku moja. Mzee akaoa mwanamke wa Tabora. Huyo mama wa kambo hakuwa mbaya, sitamsingizia maiti. Ila alipoingia yeye, jina la Boke likatoka, na ndugu wa Nyangoto nao wakaacha kuja. Picha haikuwapo. Mzee Tamimu alipigwa picha mbele ya duka lake, akapigwa picha na baiskeli yake mpya, mke hakukumbuka kumpigisha.

Watu walidhani Lukmani alipenda kamera kwa sababu ya umaridadi. Mimi nilijua sababu, maana aliniambia tukiwa wadogo, tukichambua vifungo kwenye kopo la baba. Aliniambia, "Dada Arafa, mimi nikifumba macho simwoni." Nilikuwa na miaka tisa, yeye kumi na minne, na alianza kuniita dada siku nyingi kabla ya hapo. Nikampa kifungo cha bluu.

Alipokuwa mtu mzima alifungua studio palepale kwenye duka la marehemu baba yake. Pazia la nyuma alilichora mwenyewe: ziwa, nyumba ya ghorofa, na ngazi isiyokwenda popote. Alikuwa na mkono wa kuchora, hilo hata waliomchukia walilikubali. Wake za watu waliingia na watoto wao, wazee waliingia kupiga picha za kadi ya chama, na kila alipokuja mama mtu mzima kutoka Nyangoto, Lukmani alichelewa kubonyeza. Alimtazama weee, mpaka mama wa watu akaanza kujikagua kama kanga imekaa upande.

Mwaka wa sabini na mbili serikali ilimpeleka Dar es Salaam kusomea sinema. Alirudi baada ya mwaka mmoja akiwa mtu wa habari, amekabidhiwa kamera ya sinema isiyotumia umeme. Ubavuni ilikuwa na ufunguo. Unauzungusha kama unavyojaza saa, kamera inakwenda nusu dakika, halafu inaisha nguvu. Kazi yake ilikuwa kupiga sinema ya maendeleo, kisha kwenda na Landrova na jenereta kuwaonyesha wananchi.

Mwaka wa sabini na nne ikaja operesheni ya vijiji. Lukmani alizunguka miezi, Busawe, Kisaka, huko kote, akipiga sinema ya watu wakihama na milango vichwani kwenda kwenye mistari ya nyumba mpya. Ofisi yake ilitaka watu wenye furaha. Aliwapata, maana mtu akiona kamera hucheka hata kama roho inamuuma. Lakini kila utepe ulipobaki kidogo mwishoni, alirudi kwenye mji, yaani boma la mtu, uliokuwa ukiachwa, akamwomba mwenye nyumba asimame mahali kitanda chake kilipokuwa. Hakuna zaidi. Mtu anasimama kwenye kitanda chake ambacho hakipo, anatazama, nusu dakika inaisha. Nilimwambia hiyo ni sinema ya kusikitisha watu bure. Akasema, "Dada Arafa, wataniuliza siku moja kwao palikuwa wapi."

Nadhani alikuwa anajisemea yeye.

Zamu ya Nyangoto ilipofika, alikwenda kwa mjomba wake, Nyangwine, kaka yake Boke. Alikuwa na miaka thelathini na tano, na ndiyo mara ya kwanza anakanyaga kwa mama yake. Alinisimulia yote jioni aliyorudi, hata maji hakunywa kwanza. Mzee Nyangwine alikuwa amekaa langoni pa zizi, nguo imemshuka kiunoni kwa joto, hana habari ya kuhama ingawa nusu ya mji wake ulikuwa umeshaezuliwa. Mkewe, Mokami, alikuwa akifunga vibuyu.

"Shikamoo mama," Lukmani akasema.

"Marahaba. Wewe nani, mura? Mtu wa kutuhamisha?" Kwao mura ni kijana wa kiume.

"Mimi ni mtoto wa Boke."

Mokami aliweka kibuyu chini. Alicheka, kisha akalia, kisha akacheka tena na kumwita mzee, na mzee alitikisa kichwa tu na kusema, "Amechelewa huyu." Hakuna aliyechinja kuku, kuku walikuwa wamefungwa miguu tayari kwa safari.

Lukmani akauliza lile alilokuwa amelibeba miaka yote. Mama alikuwaje usoni?

"Uso, mura?" Mokami akasema. "Uso nimesahau. Mimi na Boke tulikwenda mtoni kila siku, yeye mbele mimi nyuma. Njia ni nyembamba. Uso utauona wapi? Nilikuwa naona mgongo. Lakini mwendo wake, huo hata nikifa naujua. Aliungua moto akiwa mtoto, mguu huu." Akajipiga paja. "Ngoja."

Akachukua mtungi, akauweka kichwani, akatembea. Lukmani akazungusha ufunguo mpaka mwisho na kumpiga. Hatua moja ya kawaida, hatua ya pili mguu unaburuzwa kidogo na kisigino kinatua pole, mkono mmoja umeshika nguo kiunoni. Akifika mahali penye kichekesho, husimama kwanza ndipo acheke, kwa sababu Boke hakuweza kucheka na kutembea kwa pamoja. Mokami alimwigiza Boke akitoka nyumbani, akipita langoni mbele ya kaka yake, akishika njia ya mtoni. Nusu dakika. Lukmani alisema ufunguo ulipoisha aliendelea kushika kamera jichoni ili mtu asimwone.

Utepe ukapelekwa Dar kusafishwa, na huko ukakaa miezi saba. Vipande vya maendeleo vikabaki ofisini kwao, vile vya vitanda na malango, wasivyovihitaji, wakamrudishia kwenye kopo la bati. Ulikuwa utepe wenyewe uliokuwa ndani ya kamera. Hapakuwa na mwingine.

Katika miezi hiyo saba, mzee Nyangwine alifariki. Aliishi wiki tano tu kwenye kijiji kipya. Alikuwa amewaambia wanawe, nikifa nipelekeni kwenye lango langu, maana kwao mwenye mji huzikwa pale, kando ya lango la ng'ombe. Mwanawe mkubwa, Mwikwabe, alikuwa ndiye mwenyekiti wa kijiji kipya. Amri ilikuwa hakuna kurudi kwenye mahame, hata kuchuma mboga, na yeye ndiye aliyeitangaza. Akamzika baba yake pembeni ya shamba la ujamaa, kwenye mstari wa mahindi.

Kopo lilipofika, Lukmani alijifungia na mashine ya kuonyeshea. Mimi nilikuwa upande wa pili wa ukuta nikishona sare za shule, nikaisikia. Mashine inakwenda, inanyamaza, inarudisha, inakwenda tena. Nilihesabu mara kumi na moja nikaacha. Asubuhi alikuja macho mekundu na uso unang'aa, akaniomba nimshonee shuka kubwa jeupe la kuonyeshea sinema, la zamani lilikuwa limetoboka.

"Unampeleka wapi mama yako?" nikamuuliza.

"Kwao. Wao pia hawajamwona."

Nilishona amerikani mapande matatu, mshono bapa ulionichukua siku nzima, na kwa kuwa sikumwamini mwanaume yeyote kulitundika bila kulichafua, nikapanda Landrova nikaenda nalo. Hiyo ndiyo sababu niliyompa. Nilikuwa mwanamke niliyeachika, mwenye miaka thelathini na mmoja, mwenye cherehani yangu mwenyewe, na sikuwa na desturi ya kumpa mtu sababu zangu zote.

Tulionyesha mchana, ndani ya godauni la ushirika la kijiji kipya, madirisha yamezibwa magunia. Akina mama na watoto walikaa chini mbele, wanaume wakasimama nyuma. Mwanzo ilikuwa shangwe. Watu walitaja miji yao kwa sauti, walitaja miti, kuna mzee alimtambua ng'ombe wake akamwita kwa jina. Mimi nilikuwa natazama mshono wangu. Nilitaka kujua kama unaonekana, na ulionekana, unakata watu shingoni, nikawa najilaumu kwa nini sikuupindua zaidi. Kwa hiyo Mokami alipotokea na mtungi wake, mimi, fundi mashuhuri, nilikuwa naangalia uzi.

Halafu nikasikia ukelele.

Mzee Nyangwine alikuwa nyuma ya Mokami langoni, mkubwa kuliko alivyokuwa duniani, nguo kiunoni, na alikuwa ameinua macho akitazama kamera. Maana yake alikuwa anatutazama sisi. Na mbele kabisa, hatua nne kutoka kwenye shuka, alikaa Veronika, mke wa Mwikwabe, na mtoto mgongoni.

Mtu asiyejua ataona ni hofu ya kumwona maiti. Haikuwa hivyo. Kwao mkamwana na baba mkwe hawatazamani. Veronika alikaa mji mmoja na mzee yule miaka tisa. Alimpikia, alimsalimia kwa nyuma ya ukuta, akisikia kikohozi chake alikata njia nyingine, na mzee naye alikohoa makusudi kumpa nafasi ya kupita. Miaka tisa ya adabu ya pande zote mbili. Sasa mzee amekufa, na mtoto wa dada yake anamleta kifua wazi mbele ya mkamwana, wanatazamana macho kwa macho, na mzee hawezi kukohoa.

Veronika alijifunika kanga kichwa kizima, akainuka, akajigonga kwenye nguzo, akatoka. Wakamfuata wakwe wengine, kisha wanawake wote. Lukmani alipotewa na akili, hakuizima mashine. Ni Mwikwabe aliyekwenda mbele na kutanua mikono akinge shuka, na uso wa baba yake ukamwangukia kwenye shati. Ndipo taa ikazimwa.

Lukmani hakujua. Angejulia wapi? Alilelewa na mzee Tamimu na mama wa Tabora, chuoni kwa Kurani na dukani, Kikurya chake kilikuwa cha kuombea maji. Alijua kupiga picha ya mtu yeyote nchini, na hakujua nani asionyeshwe nani kwa mama yake mzazi. Mimi nilikasirika kwa niaba yake, na nilimkasirikia yeye pia.

Wazee walikaa nje, upande wenye kivuli cha godauni. Hapakuwa na kelele. Mwikwabe ndiye aliyekuja kutuletea neno, akasimama mbali kidogo na Landrova.

"Ndugu," akaanza, akajirekebisha. "Mura. Tata, baba yangu, aliomba langoni. Mimi nilishindwa, unajua kwa nini. Sasa wazee wamemwona yuko ndani ya hilo kopo, langoni pake. Wanasema mwili umelala kwenye mahindi lakini yeye bado anakaa pale na watu wanamwangalia. Wanasema arudishwe. Kopo lizikwe kwenye lango, basi, yaishe."

"Kopo zima?"

"Mahali pote alipo tata."

Lukmani alifungua kopo palepale, akavuta utepe, akautazama kwenye jua. Ni vipicha vidogo, maelfu. Alitafuta pa kukata. Alikuwa na mkasi na gundi yake, kazi hiyo angeifanya kwa dakika kumi. Lakini mzee alikuwa amekaa langoni tangu mwanzo hadi mwisho, na Mokami alipita mbele yake, na hapakuwa na kipicha hata kimoja cha mwendo ule ambacho mzee hayumo.

"Ndugu mwenyekiti," Lukmani akasema. "Humu ndimo alimo mama. Sina mwingine."

Mwikwabe hakuwa mtu mkatili, naye alikuwa na lake. "Sikiliza, mtoto wa shangazi. Kama wewe ni mtu wa serikali, chukua kopo lako upande gari, hakuna atakayekugusa. Kama ni mtoto wa Boke, kesho asubuhi utakuja na sisi."

Akaondoka. Mimi nikamshika Lukmani mkono, nikamwambia upesi upesi, chukua utepe mwingine, una mabaki tele garini, tia kwenye kopo, wazike. Nani atajua? Wale hawana mashine. Nilisema kwa moyo wote na leo ningesema tena.

"Mimi nitajua," akasema. "Halafu ni mjomba wangu, dada Arafa. Sikuwahi kuwa na mjomba."

Asubuhi tulikwenda kwenye mahame, watu kumi hivi, amri au si amri. Nyasi zilikuwa zimefika kiunoni. Mwikwabe alichimba mwenyewe kando ya lango, mwenyekiti na suruali yake ya kazi, akilia waziwazi, na hakuna aliyemwambia nyamaza. Alikuwa anamzika baba yake. Lukmani alipokea jembe mwishoni akafukia. Nilimwona akiweka udongo kwa mkono, kidogo kidogo.

Ndipo Mokami akasema, "Mura, mbona umekaa hivyo? Hicho kilikuwa kibati. Mimi si bado nina miguu?"

Na akatembea. Hakuwa na mtungi safari hii, alishika tu hewa kichwani. Alitoka palipokuwa na nyumba, akapita langoni kando ya udongo mbichi, akasimama, akacheka kile kicheko, akaendelea. Watu wote walitazama miguu yake. Mimi sikuitazama. Nilikuwa namtazama Lukmani, namna alivyokuwa akifuata kwa midomo kama mtoto anayejifunza kusoma, na nilifikiri mambo yangu. Hiyo ndiyo nafasi ya pili niliyoipoteza, na siijutii sana, kwa sababu sikupata tena siku ya kumtazama bila yeye kujua.

Baada ya hapo Lukmani hakuwa na bahati. Ofisi yake iligundua kuwa ametumia utepe wa serikali kwa mambo ya kwao, wakamnyang'anya kamera, akarudi kwenye pazia lake la ziwa na ngazi. Kila mwezi alikwenda Nyangoto na sukari au sabuni akiipata, na Mokami alimtembezea ule mwendo. Miguu ilipomshinda, alimwonyesha kwa vidole viwili juu ya meza. Mwaka wa vita, wa sabini na tisa, Mokami akafa. Lukmani alikaa msibani siku nne, alikaa na wanaume wa mji ule, na Mwikwabe akamkatia nyama mkono kwa mkono. Hilo alinisimulia kwa fahari. Halafu akaniambia, "Sasa hakuna mwingine aliyemwona. Ni mimi tu, na mimi sikumwona."

Alianza kuchora kwenye magunia ya unga yaliyofuliwa. Alichora mwanamke kwa nyuma, njiani, mtungi kichwani. Kila gunia mwanamke yuleyule. Niliyasifu kwa sababu yalikuwa mazuri, naye akanikatiza. "Yamesimama. Mama hakuwa hivi. Mama alikuwa anakwenda."

Jioni baada ya kufunga studio nilimsikia kupitia ukutani. Hatua moja inatua. Ya pili inakwaruza sakafu. Kimya, mahali pa kucheka, ila kicheko hakikuja. Kisha hatua tena, mpaka mwisho wa chumba, na kurudi. Kwa kusikia huwezi kujua mguu upi. Majirani wengine walisema Lukmani anaanza kupungukiwa, mwanaume mzima hana mke, hana mtoto, anajiburuza peke yake chumbani. Niliwakaripia. Lakini sikwenda kugonga mlango, maana nilikuwa nangoja agonge yeye.

Akagonga. Ilikuwa Ijumaa, mwaka wa themanini na moja, baada ya swala. Alivaa kanzu iliyopigwa pasi, kofia mpya, na alinukia. Mwanafunzi wangu wa ushonaji alikuwa ameshakwenda. Lukmani akasimama kizingitini, akasema, "Arafa, naomba tufunge mlango kidogo. Nina jambo zito."

Arafa. Hakusema dada. Miaka yote ile, na siku ile hakusema dada. Niliondoa mguu kwenye cherehani. Nilitoa pini zilizokuwa mdomoni moja moja, nikaweka kanga yangu sawa, na moyo ulinienda mbio, kwa nini nifiche, nina umri wa kusema sasa. Nikamwambia, "Sema tu, Lukmani. Nakusikiliza."

"Nataka nikufundishe mwendo wa mama," akasema. "Wewe ndiye pekee. Ukiujua wewe nitalala."

Nilihisi uso wangu ukiwaka. Nilikuwa mjinga mbele yangu mwenyewe, na hakuna kitu kinachoniudhi zaidi ya hicho. Nikamwambia, "Mimi si sinema, Lukmani! Nenda kaoe mwanamke umpe miguu ya mama yako aburuze usiku na mchana. Mimi nina nguo za watu hapa."

Tayari alikuwa amevua kiatu kimoja ili anionyeshe. Kiatu kipi, Mungu wangu, kiatu kipi? Nilikuwa nimeshageukia mashine.

"Samahani, dada Arafa," akasema, akavaa kiatu, akatoka.

Tukawa watu wa kusalimiana. Miaka miwili, asubuhi na jioni, habari za kazi, njema, na yeye, njema. Jioni hatua ziliendelea kwa muda, kisha zikawa zinakatika katikati, anasimama, anaanza upya. Nilidhani amechoka. Mwaka wa themanini na tatu, wakati watu wanatafuta kanga na sabuni kwa tochi, malaria ilimpanda kichwani. Alilala siku tatu, ya nne tukamzika. Mwikwabe alikuja na vijana sita kutoka Nyangoto, akashika jeneza mbele.

Ndugu zake wa Tabora waliuza pazia, kamera na viti. Magunia hawakuyataka, nikayachukua mimi, yalikuwa kumi na moja. Siku ya arobaini nilifunga duka mchana, nikavua viatu. Nilitaka nimtembezee mama yake mara moja tu, nimwombe radhi kwa njia hiyo. Nikasimama ukutani, nikaweka mkono kiunoni, nikainua mguu, nikakwama. Sikujua ni upi.

Nikayatandika magunia sakafuni nione alivyochora. Katika magunia sita, mwanamke anaburuta mguu wa kulia. Katika matano, wa kushoto. Nilikaa chini katikati yake nikalia kwa sauti, kwa sababu nilielewa kilichomleta siku ile amevaa kanzu. Alikuwa ameanza kuusahau. Alitaka kuniachia kabla haujapotea wote, na zile hatua zilizokuwa zikikatika ukutani zilikuwa za mtu asiyekumbuka.

Nilikwenda Nyangoto kuuliza. Veronika alisema, "Dada, siku ile nilijifunika. Na mama mkwe alipotembea kule langoni mimi sikuwepo, ningekanyagaje pale?" Mwikwabe alifikiri sana, akasema pole pole kwamba kwenye shuka yeye aliangalia baba yake, na langoni aliangalia udongo. Wale wengine wa siku ile, kila mmoja alikuwa na hakika, na hawakukubaliana.

Basi nimefanya hivi. Jioni nikishafunga duka natembea toka kwenye cherehani mpaka mlangoni na kurudi. Leo naburuta wa kulia, kesho wa kushoto. Mahali pa kucheka nasimama. Wapangaji walioingia kwenye studio ya Lukmani wananisikia, na najua wanachosema. Kwa hesabu yangu, siku moja kati ya mbili Boke anapita humu ndani kama alivyokuwa akipita kwao. Ni siku ipi, sijui.